Mkebe haukuwa mtupu

Alasiri moja ya Agosti 2019, moto wa taka nyuma ya saluni yangu, mtaa wa Majengo, ulitoa mlio kama wa risasi, ambao sisi wa Goma, mashariki mwa Kongo, tunaujua kupita kiasi. Wateja wawili waliokuwa ndani walijitupa chini, mmoja nusu ya kichwa imesukwa, nusu bado. Ng'ambo ya avenyu, muuza makala, yaani mkaa, aliingia chini ya meza yake. Hapa kwetu mtu akisikia mlio wa namna ile haulizi. Hulala kwanza, kisha huhesabu watoto.

Nilipohesabu, mmoja alikosekana.

Nilimkuta kando ya shimo la taka amesimama wima, mkono wa kulia ameunyoosha mbele kama si wake. Ni mtoto wa dada yangu, wakati ule alikuwa na miaka minane. Kuanzia kiwiko hadi kiganja ngozi ilikuwa imegeuka rangi, na nyusi zake zimeungua. Hakulia. Aliniambia tu, "Mama mdogo, mkebe umeniruka."

Kazi ya kuchoma taka nilimpa mimi. Kila Jumamosi alikusanya nywele za bandia, karatasi, machupa ya shampuu na mikebe ya kupulizia, akavitupa vyote kwenye shimo, akawasha. Tulifanya hivyo miaka mingi. Kuna siku tulisikia "pu!" ndogo ndani ya moto, na watoto wakacheka. Siku ile aliinama kuchochea kwa kijiti wakati mkebe mmoja, uliokuwa karibu na uso wake, ulipopasuka.

Majirani walifika mbio, kila mmoja na dawa yake. Mmoja alileta dawa ya meno, mwingine yai, mwingine majivu. Aliyemwokoa yule mtoto ni mteja wangu mmoja, muuguzi, ambaye alitoka na taulo mabegani akasimama kati yao na mkono wa mtoto. "Mama, weka hivyo chini. Leteni maji tu." Kipindi kile kilikuwa cha Ebola, na mlangoni kila saluni ilikuwa na ndoo ya maji ya klorini. Hiyo akaikataa. Tulichukua bidoni mbili za maji safi ya kusuuzia nywele, tukayamwaga polepole juu ya mkono kwa dakika ishirini nzima. Dakika ishirini ni ndefu mtoto anapotetemeka na maji ni ya kununua. Muuguzi aliangalia saa yake na hakuturuhusu kuacha. Hakutaka barafu, hakutaka mafuta, na malengelenge yalipoanza kuinuka alikataza mtu kuyagusa. Kisha akaufunika mkono kwa kitambaa safi, tukaondoka kwa pikipiki kwenda kituo cha afya. Daktari aliyempokea alisema maji yale yalifanya nusu ya kazi yake.

Usiku ule, mtoto alipolala, nilichukua mkebe mwingine kwenye rafu nikausogeza karibu na taa. Nilikuwa nimefanya kazi ya saluni miaka kumi na moja, na sikuwahi kusoma yale maandishi madogo ya Kifaransa mgongoni mwake. Yanasema kwamba hiki ni chombo chenye shinikizo ndani, kinaweza kupasuka kikipata joto. Kisitobolewe wala kuchomwa, hata baada ya kutumika. Kilindwe na jua, kisifikishwe kwenye joto la kupita nyuzi 50. Nilirudia mara kadhaa yale maneno "hata baada ya kutumika". Mimi nilijua ni hatari ukiwa umejaa. Niliamini ukishaacha kutoa mafuta unakuwa bati tu, kama mkebe wa nyanya.

Siku zilizofuata niliuliza watu: yule muuguzi, fundi wa friji wa jirani, na kijana mmoja wa familia anayesoma kemia. Nilichojifunza ni hiki. Ndani ya mkebe kuna vitu viwili, ile dawa yenyewe na gesi inayoisukuma nje. Mara nyingi gesi hiyo ni butani na propani, jamaa moja na gesi ya kupikia. Ikiwa imebanwa mkebeni inakaa kama maji, ukibonyeza inageuka upepo na kutoka na dawa. Dawa ikiisha, gesi inabaki. Na joto likipanda, gesi inasukuma zaidi. Butani peke yake, ukiitoa kwenye nyuzi 20 ukaipeleka 50, nguvu yake inazidi maradufu. Katika moto wa taka nyuzi zinakwenda mamia, na bati halina la kufanya ila kupasuka. Gesi inayotoka hapo inakutana na ndimi za moto palepale.

Zamani mikebe mingi ilikuwa na gesi nyingine ambazo haziwaki. Ziligunduliwa kwamba zinaharibu tabaka la ozoni, na Mkataba wa Montreal wa 1987 ukaanza kuziondoa. Nalitaja hili kwa sababu wazee wengine bado husema, "Sisi tulipuliza karibu na jiko na hakuna kilichotokea." Pengine ni kweli hakikutokea. Mkebe wa leo si ule wao.

Lakini jambo lililoniingia moyoni zaidi ni uzito wa gesi hiyo. Butani ni nzito karibu mara mbili kuliko hewa. Haipandi juu, inashuka, inatambaa sakafuni, inatafuta bonde na kukaa humo. Mtu wa Goma haelezwi hilo mara mbili, kwa sababu sisi tuna mazuku. Tunajua kwamba kwenye mashimo ya mawe ya volkano, hasa asubuhi kabla ya upepo, hewa mbaya inalala chini, na mbuzi au mtoto anayeingia humo hatoki, ilhali mtu mzima aliyesimama pembeni hahisi kitu. Mazuku ni kaboni dioksidi, haiwaki. Ile ya mkebe inalala chini vilevile, ila yenyewe inawaka. Nilipoambiwa hivyo nikaangalia saluni yangu: mbabula, lile jiko la mkaa la kuchemshia maji na kupashia kitana cha moto, ilikuwa sakafuni, hatua mbili kutoka kiti ambapo napulizia wateja. Miaka kumi na moja! Kesho yake mbabula ilihamia nje chini ya kibanda, na haijarudi ndani. Nikipulizia, mlango uko wazi na hakuna kiberiti wala sigara ndani. Nyumba za Majengo ni za mbao, zimebanana. Moto wa saluni moja si wa saluni moja.

Baada ya hapo likabaki swali la mikebe yenyewe. Saluni yangu inamaliza mitatu au minne kwa wiki, na Goma si mahali pepesi pa kutupa kitu. Kuchimba shimo la maana kunataka sululu na siku nzima, kwa sababu chini ya miguu yetu ni jiwe la volkano. Ndiyo maana watu wanachoma. Wengine wanatupa ziwani, na hiyo inaniuma. Maji ya Kivu yanatokea upande wa Bukavu kwa mto Ruzizi, na kila takataka inayoelea huenda ikakwama kwenye bwawa la Ruzizi, linalotupatia umeme sisi na wenzetu wa Bukavu. Nilishapitisha jioni nzima gizani na kichwa cha mteja mkononi, na nilijua sehemu ya giza hilo imetoka kwenye mikono yetu.

Kwanza nilirekebisha neno "umeisha". Mkebe uliomuunguza mtoto haukuwa umeisha hata kidogo. Ulikuwa mafuta ya kung'arisha nywele, kitobo chake kiliziba, ukakataa kutoa, nami nikautupa kwa hasira. Siku hizi kitobo kikiziba nachomoa kile kidude cha juu, nakiosha kwa maji ya vuguvugu, nakirudisha. Sichomeki sindano kwenye shina la mkebe hata siku moja. Ukikaribia kuisha nautumia mpaka mwisho. Kisha natoka nao nje penye upepo, mbali na mbabula na watu wanaovuta, naubonyeza hadi sauti ya mwisho inyamaze. Halafu naupindua kichwa chini na kubonyeza tena, kwa sababu ukiwa hivyo mrija wa ndani unabaki juu ya dawa, na gesi iliyojificha inatoka yenyewe. Wasichana wangu walizoea kuutikisa sikioni. Ukisikia maji yanacheza, kazi haijakwisha.

Iliyonyamaza inaingia kwenye gunia lake, peke yake, kivulini, mbali na karatasi na nywele. Vijana wa taka tunaowalipa kwa mwezi wanapofika, gunia hilo nawapa mkononi na kuwaambia kilichomo. Zamani nilikuwa nalificha kati ya taka nyingine, na sikufikiri juu ya yule atakayelimwaga na kuwasha moto mahali pengine, naye ana watoto.

Ile ya alumini ina njia nyingine. Upande wetu wako mafundi wanaoyeyusha alumini kuukuu na kumimina masufuria kwenye mchanga. Mzee mmoja wa kazi hiyo nilimpelekea gunia la kwanza nikitegemea shukrani. Alilimwaga chini, akachukua sumaku iliyotoka kwenye spika ya redio, akaipitisha. Mikebe ya mafuta ya nywele ikang'ang'ania. "Hii ni chuma, mama, hainifai. Peleka kwa wanunuzi wa vyuma vikuukuu." Mikebe ya manukato ya kwapani, ile isiyo na mshono ubavuni, haikushikwa na sumaku. Hiyo aliitaka, lakini alikamata mmoja mmoja na kubonyeza kabla ya kuupokea. Mmoja ulitoa sauti ndogo. Akaniangalia bila kusema kitu, akavuta shati na kunionyesha kovu begani. Alumini huyeyuka kwenye nyuzi 660. Mkebe wenye pumzi ukiingia kwenye sufuria ya kuyeyushia, huirusha ile alumini ya moto hewani. Siku ile niliwaza watoto wanaookota mikebe jalalani na kumuuzia mtu asiyejua kubonyeza kwanza. Kuifungua mikebe ni kazi ya yule mzee, anayo zana na anajua anachofanya. Mimi sitoboi, na sikubali mtu atoboe saluni kwangu.

Kusafiri nayo nilijifunza kwa njia mbaya zaidi, kwa sababu nilijifunza nikiwa nakimbia. Volkano yetu, Nyiragongo, ililipuka usiku wa tarehe 22 Mei 2021, lava ikaja hadi ukingoni mwa mji. Tarehe 27 asubuhi gavana wa kijeshi akatangaza sehemu kubwa ya Goma ihame, na Majengo ilikuwa kwenye orodha. Ardhi ilikuwa inatetemeka tangu siku tano. Niliogopa wezi, kwa hiyo nikajaza mali ya saluni kwenye mfuko mmoja mkubwa, mikebe kumi na minne pamoja na masufuria, vitana na nguo za watoto, tukaingia kwenye boti la Bukavu. Watu walikuwa wengi hata pa kuweka mguu hapakuwepo. Mfuko wangu ulisukumwa hadi kwenye ukuta wa injini, nami nikakalia bidoni mbele yake.

Tulipopita kisiwa cha Idjwi nikaanza kusikia manukato. Harufu nzuri, ya saluni, katikati ya jasho na mazuti ya injini. Nilijua mara moja. Mkebe mmoja ulikuwa umetoka kofia, na mpini wa sufuria unaubonyeza kila boti linapoyumba. Ukuta nyuma yake ulikuwa wa moto, na hatua chache kutoka kwangu baba mmoja alikuwa ameshika sigara. Nilipiga kelele nisiyojua ninayo. Baharia alikuja akikanyaga watu, akamnyang'anya yule baba sigara na kuitupa majini, kisha akauliza, "Mama, mfukoni kuna nini?" Nilipomwambia hakunitukana. Alibeba mfuko mpaka mbele penye upepo na kivuli, akaumwaga, akapanga mikebe upya ndani ya blanketi, wima, na kwenye ule usio na kofia akafunga kitambaa cha mtoto kwa kamba. Mtoto wa dada yangu, ambaye sasa alikuwa na miaka kumi, alisimama mbali kabisa, mkono wake wa kulia ameuficha nyuma. Mpaka tunafika Bukavu hakukaa.

Tangu hapo mkebe hausafiri nami bila kofia yake, na kofia naifunga kwa gundi ya karatasi. Unakaa katikati ya begi ndani ya nguo, hauguswi na kitu kigumu. Kwenye gari siuachi juu ya dashibodi wala kwenye buti ya gari lililoegeshwa juani. Goma haina joto la Kisangani, najua, ila gari lililofungwa vioo juani ni jambo lingine. Hewa ya nje inaweza kuwa nyuzi 26 na dashibodi ikapita 50 bila shida, na 50 ndiyo ile namba ya mgongoni mwa mkebe.

Kwenye ndege mambo yameandikwa, na kuyajua mapema kunaokoa mali. Mwaka 2022 nilikwenda Kinshasa kwenye harusi ya mdogo wangu, na nilitakiwa kupamba bibi harusi na wasimamizi wake wote. Begini niliweka mikebe sita ya dawa ya kukaza nywele, ya mililita 400 kila mmoja, mkebe wa dawa ya mbu, na mwingine wa rangi ya dhahabu ya kupulizia viti. Pale uwanja wa ndege wa Goma begi lilifunguliwa. Rangi na dawa ya mbu zilitolewa palepale. Vitu vya kupulizia vinavyowaka, ambavyo si vya mwili wala si dawa ya mgonjwa, havipandi ndege ya abiria, si begi la chini wala la mkononi. Vya mwili, kama dawa ya nywele na manukato, vinaruhusiwa kwenye begi la chini kwa kipimo: kila mkebe usizidi nusu lita, na vyote kwa jumla visizidi lita 2 au kilo 2 kwa msafiri, kila kimoja na kofia yake. Yangu ilikuwa lita mbili na nusu kasoro kidogo. Yule dada wa ukaguzi alihesabu kwa kidole mbele yangu, akaniuliza kama nasafiri na mtu. Shemeji yangu alikuwa nyuma yangu na begi lisilo na mkebe hata mmoja, akabeba ule wa sita. Kipimo ni cha kila mtu.

Kwenye begi la mkononi ni mkali zaidi. Njia nyingi za kimataifa zinadai chombo kisizidi mililita 100, kanuni iliyoanza mwaka 2006 baada ya Uingereza kugundua njama ya kulipua ndege kwa vimiminika. Wengi wanakosea hapa: kinachohesabiwa ni ujazo ulioandikwa kwenye mkebe. Mkebe wa mililita 200 uliobaki tone moja utachukuliwa. Dawa ya pilipili ambayo baadhi ya dada zetu hubeba kwa kujilinda kwa kawaida haikubaliwi popote ndani ya ndege. Pompu ya pumu, kinyume chake, ibaki mfukoni mwako, usiikabidhi na begi la chini. Tangu uwanja wetu ufungwe Januari 2025 wengi tumelazimika kuvuka Gisenyi na kupandia Kigali, na kule barabarani kuna jambo moja la kuongeza: mikebe usiifunge kwenye mfuko wa plastiki, Rwanda iliikataza tangu 2008. Tumia kitambaa.

Kovu la yule mtoto limekuwa refu kadiri mkono wake ulivyorefuka. Ana miaka 14 sasa. Taka hachomi, na sijawahi kumwambia tena awashe moto wa aina yoyote. Lakini Jumamosi, bila mtu kumtuma, huja nyuma ya saluni, huketi karibu na gunia, na kutoa mkebe mmoja mmoja. Anautikisa sikioni, anaupindua, anaubonyeza akiwa ameugeuzia uso upande mwingine. Juzi alinirudishia miwili. "Mama mdogo," alisema, "hii bado inapumua."